Bustani ya Mji ni Mali ya Nani?



Mtu atokaye pwani, aliyezoea minazi na miembe, akifika Dodoma mwezi wa Septemba huona nchi imekauka na upepo wa vumbi wavuma kutwa. Mvua za huko ni za msimu mmoja tu, tangu Novemba au Desemba hata Aprili, na kwa wastani hazifiki milimita 600 kwa mwaka. Basi mti wa kivuli katikati ya mji kama huo si jambo dogo. Yuko aliyeupanda, na yuko aliyeutilia maji.

Bustani tunayotaka kuizungumza mwezi huu ni Nyerere Square, iliyo katikati ya mji huo. Ndani yake mna sanamu ya Mwalimu Julius Nyerere, njia za kupita kwa miguu, miti na mahali pa kukaa. Hapo hukutana mwanafunzi na mzee, mchuuzi na karani wa serikali. Hapo pia hufanywa maonyesho kama yale ya Wiki ya Sheria, ambapo mwananchi huuliza habari za mirathi au kiwanja chake bila kulipa.

Bustani za Dodoma zina asili yake. Mwezi wa Oktoba 1973 chama cha TANU kilikata shauri kuhamishia makao makuu huko, na mwaka huo huo ikaundwa Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, yaani CDA. Ramani kuu ya mji ilitolewa mwaka 1976 na wataalamu wa Toronto, Kanada. Waliokusudia mji huo hawakutaka majumba ya fahari. Walitaka mitaa mikubwa ya watu kama 28,000 kila mmoja, watu waende kwa miguu na kwa mabasi, na kati ya mtaa na mtaa pawe na miti.

Mengi hayakutimia upesi, kwani fedha zilikuwa haba na wizara zilibaki Dar es Salaam miaka mingi. Lakini Julai 2016 Rais John Magufuli alitangaza kuwa serikali yote itahamia. CDA ikavunjwa mwaka 2017, na tarehe 26 Aprili 2018 Dodoma ikatangazwa kuwa Jiji. Hesabu ya watu ya mwaka 2012 ilipata 410,956. Ile ya mwaka 2022 ikapata 765,179.

Hapo ndipo penye mashaka. Mji ukijaa watu, ardhi hupanda bei, na kiwanja kitupu machoni pa mwenye fedha ni duka ambalo halijajengwa. Bustani haina wa kuitetea ila wale waitumiao. Nao wakisema, "Hiyo ni kazi ya Jiji," basi hapana atakayeitetea.

Kweli, juhudi zipo. Mwezi wa Desemba 2017 Mama Samia Suluhu Hassan, wakati huo Makamu wa Rais, alizindua kampeni ya kuifanya Dodoma ya kijani. Na Jiji nalo limepata bustani nyingine ya mapumziko, Chinangali. Lakini kupanda ni kazi ya siku moja, na kutunza ni kazi ya miaka. Mche wa Dodoma hauna budi kutiliwa maji katika kiangazi cha kwanza na cha pili, mpaka mizizi ishuke chini. Uchimbiwe shimo pana, uzungushiwe kibirika cha udongo, ufunikwe majani makavu shinani ili unyevu usipotee, na uzungushiwe miiba kwa ajili ya mbuzi. Maji yamwagwe jioni, si saa za jua kali.

Nyumba zetu zina njia nyepesi ya jambo hili. Maji ya udhu ya watu watano, yakikingwa katika beseni, yatosha kuuweka hai mti mmoja mlangoni. Nasi twafundishwa kuwa apandaye mti, akala humo mtu, ndege au mnyama, huandikiwa sadaka.

Enyi vijana, mkienda bustanini msivunje tawi, wala msiache takataka. Nanyi wazazi, waonyesheni watoto ya kuwa kitu cha watu wote hakikukosa mwenyewe. Mwenyewe ni kila aketiye kivulini pake.

Wabillahi tawfiq.