Mwongozaji Hana Deni la Kuandika

Kila tunapojadili filamu darasani, hoja moja hairuki: eti mwongozaji wa kweli huandika mwenyewe hadithi anayoipiga picha, na anayepokea mswada wa mwenzake ni fundi wa kuajiriwa tu. Naipinga, na shahidi wangu ni Jan Komasa wa Poland.

Komasa alizaliwa Poznań mwaka 1981, akasomea filamu Łódź. Mwaka 2004, akiwa bado kijana wa chuo, filamu yake fupi ilipata tuzo ya tatu katika mashindano ya wanafunzi huko Cannes. Mwaka 2011 alitoa Sala samobójców, aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe, kuhusu kijana wa familia tajiri anayedhihakiwa mtandaoni hadi anajifungia chumbani. Kisha ikaja Miasto 44 ya mwaka 2014, kuhusu Uasi wa Warsaw wa 1944. Kalamu ilikuwa yake tena.

Najua wapinzani wangu watazishika hizo mbili. Wazishike! Ila waitazame ile ya pili kwa makini. Vijana wawili wanabusiana huku risasi zikiwapita polepole kama nzi waliochoka. Mimi naona hapo alikosekana mtu mmoja wa kumwambia, "Ndugu, hii ondoa."

Mwaka 2019 akapata mtu wa namna hiyo. Mateusz Pacewicz, aliyezaliwa 1992, aliandika kwanza makala ya gazeti kuhusu kijana aliyejifanya padri, kisha akaigeuza kuwa mswada. Ndiyo Boże Ciało. Daniel anatoka gereza la watoto, anapelekwa kufanya kazi kwenye kiwanda cha mbao, na kijijini anajitia upadri. Kijiji kina msiba: vijana wamekufa katika ajali, na watu wamekataa dereva wa gari la pili azikwe pamoja nao. Mjane wake anatengwa. Hapa hakuna risasi za polepole. Komasa anaiacha kamera itulie usoni mwa mwigizaji, Bartosz Bielenia, na maneno ya Pacewicz yanafanya kazi yake. Filamu hiyo iliteuliwa kuwania Oscar ya 2020. Wawili hao wakarudiana katika Hejter mwaka huohuo. Fundi wa kuajiriwa gani huyo?

Jambo hili linanigusa, kwa sababu sisi wa Kiswahili wengi wetu tutashika kalamu, si kamera. Bango la filamu ya kikundi chetu lilikuwa na jina la mwongozaji na la mpiga picha, tena kwa herufi kubwa. Aliyeandika mazungumzo yote, kwa Kiswahili safi, hakutajwa popote. Nilipouliza, niliambiwa nafasi haikutosha.

Muhula ujao ratiba inasema tutaijadili "Boże Ciało ya Komasa". Naomba wahadhiri wetu waongeze jina la Pacewicz kwenye ratiba hiyo kabla haijachapishwa.