Mnaofunga seva, ondoeni kufuli kwanza

MEZA YA JUMAMOSI
Na Idrisa Mwinyimvua

Januari 2020 gemu ya Grand Theft Auto IV iliondolewa kwenye duka la Steam. Haikuwa imekosa wanunuzi. Iliondolewa kwa sababu kila nakala ya kompyuta ilihitaji ufunguo wa huduma iliyoitwa Games for Windows Live, na Microsoft, wenye huduma hiyo, walikuwa wameacha kuihudumia. Rockstar, waliotengeneza gemu, wakajikuta hawana tena pa kupata funguo mpya za kuwapa wanunuzi. Gemu yenyewe ilikuwa nzima, na jiji lake lote la Liberty City lilikuwa salama kwenye diski. Aliyekufa ni mlinzi wa mlangoni, na alikufa na funguo mkononi.

Jambo hili linawagusa vijana wetu kuliko wazee wanavyodhani. Kompyuta nyingi wanazoweza kununua ni za mtumba, zilizokwisha kutumika maofisini ng'ambo. Hazibebi gemu za mwaka huu, lakini za 2005, 2008 na 2010 zinazibeba bila shida. Sasa miaka hiyohiyo ndiyo kampuni kubwa zilipoanza kuzifunga gemu zao kwenye intaneti, hata zile za mtu kucheza peke yake. Kijana anasakinisha, anabofya, na badala ya gemu kinatokea kidirisha kinachomwambia faili la xlive.dll halipo. Anaamini kompyuta ni mbovu. Fundi anampigia Windows upya, hela inakwenda, na kidirisha kinarudi palepale. Huyo kijana hajakosea chochote, na mashine yake ni nzima. Anateseka kwa uamuzi uliofanywa mbali naye, na watu ambao walikwisha kuhamia kazi nyingine.

Huduma yenyewe ya Games for Windows Live ilianza mwaka 2007. Ilikusudiwa kuwaunganisha wenye kompyuta na wenye Xbox: orodha moja ya marafiki, ujumbe, tuzo ndogondogo za kila hatua. Katika hayo sioni ubaya. Ubaya ni kwamba iliingizwa ndani ya gemu hadi kwenye mambo yasiyoihusu. Katika GTA IV ya wakati ule, bila kuingia kwenye akaunti hukuweza kusevu kitu. Ungeweza kucheza jioni nzima, na ukizima mashine yote yamepotea. Palikuwa na njia ya kufungua akaunti ya ndani ya kompyuta tu, isiyohitaji intaneti, lakini iliwekwa chini kabisa ya maelezo marefu ambayo mtu wa kawaida hayasomi, hivyo wengi hawakujua kama ipo. Tukumbuke Tanzania ya wakati ule. Mkongo wa intaneti wa SEACOM ulifika Dar es Salaam Julai 2009. Gemu hii ilikuwa imetoka mwaka mmoja kabla, ikidai kitu ambacho nyumba nyingi za hapa hazikuwa nacho.

Walionunua gemu ya Gears of War walipata makubwa zaidi. Tarehe 28 Januari 2009 cheti cha kidijitali kilichotiwa ndani ya gemu hiyo kilifikia ukomo wake, na kuanzia hapo gemu ikakataa kuwaka, hata kwa anayecheza peke yake. Dawa iliyopatikana ni kurudisha nyuma tarehe ya kompyuta, mpaka kiraka rasmi kilipotolewa. Watu walilazimika kuidanganya saa ya mashine yao ili watumie kitu walichokilipia.

Tarehe 22 Agosti 2013 Microsoft walifunga duka la Games for Windows Live, na kila mwenye gemu akaachwa ajitafutie njia. Wapo walioondoa kufuli mapema: gemu mbili za Batman, Arkham Asylum na Arkham City, zilisafishwa mwaka huohuo, na Dark Souls ikahamishwa kutoka kwenye huduma hiyo Desemba 2014. Fallout 3, iliyotoka 2008, ilisubiri mpaka Oktoba 2021. Hiyo ni miaka minane tangu duka lifungwe, na muda wote huo gemu ilikuwa ikiendelea kuuzwa.

Nani aliiweka hai miaka hiyo minane? Watu wa kujitolea. Ninataka msomaji aelewe walichofanya, kwa sababu mara nyingi kazi yao huitwa wizi na watu wasioijua. Gemu ya aina hii inapowaka hulifungua faili la xlive.dll, ambalo ni la huduma ile, na kuliuliza maswali: mtumiaji ameingia? Ufunguo wake ni halali? Anaruhusiwa kusevu? Mafundi hawa waliandika faili jingine lenye jina lilelile, likawekwa kwenye folda ya gemu, nalo hujibu kila swali kwa namna ya kuifanya gemu iendelee. Kwa GTA IV faili hilo lilijulikana kama xliveless. Halina picha ya gemu, halina sauti yake wala mstari wa hadithi yake. Ni majibu tu. Mtu aliandika majibu hayo bila malipo, akayaweka hadharani, na gemu zikawaka.

Najua hoja ya upande wa pili: faili hilo linaweza pia kumsaidia asiyenunua. Ni kweli linaweza. Lakini mwenye nakala ya wizi aliipata ikiwa imekwisha kuvunjwa kufuli, akaicheza bila kuulizwa chochote. Aliyekwama ni yule aliyekwenda dukani, akalipa, akaingiza ufunguo wake kwa uaminifu. Kufuli linalomsumbua mwaminifu na kumwacha mwizi apite halina utetezi, na likishakosa hata mtu wa kulifungua, linabaki kuwa uharibifu wa mali ya mnunuzi.

GTA IV ilirudi sokoni Machi 2020 ikiwa haina tena ile huduma, jambo jema, ila ilirudi bila sehemu ya kucheza na wenzako. Nyimbo nyingi za redio zake zilikuwa zimeondolewa tangu 2018, leseni zake zilipokwisha, na stesheni ya Kirusi ya Vladivostok FM ikabadilika kabisa. Anayetaka gemu kama ilivyouzwa mwaka 2008 bado anawategemea wale wa kujitolea.

Kuna gemu za namna nyingine, ambazo tatizo lake halikuwa kufuli. Tarehe 31 Mei 2014 huduma ya GameSpy ilizimwa, ikaacha yatima gemu nyingi, zikiwamo Battlefield 2, Command & Conquer: Generals na Civilization IV. GameSpy haikubeba mechi zenyewe. Mechi za Battlefield 2 ziliendeshwa kwenye seva za kukodi au za wachezaji wenyewe. GameSpy ilitunza akaunti na orodha ya seva zilizo wazi. Ilipoondoka, viwanja vilikuwapo na wachezaji walikuwapo, kilichong'olewa ni ubao unaoonyesha nani anacheza wapi. Ndiyo maana ukarabati uliwezekana haraka. Halo ya kompyuta ilipata kiraka rasmi mwezi huohuo wa Mei, kikaelekeza gemu kwenye orodha mpya. Kwa nyingine nyingi, mashabiki walitengeneza OpenSpy, seva inayozungumza lugha ileile ya GameSpy, na mchezaji hubadilisha anwani tu ili gemu yake iulize huko.

Battlefield 2 ilifufuliwa pia na kundi la Revive Network, mpaka Oktoba 2017 kampuni ya EA, wenye gemu hiyo, walipowataka waache kuisambaza. Hapa EA walikuwa na haki kisheria, kwa sababu kundi lile liligawa gemu nzima bure, na kugawa nakala ni jambo tofauti na kuunda seva. Hata hivyo EA hawakuweka chochote mahali pake. Kuzuia mkono wa mwingine na wako ukaukunja ni dhuluma kwa wanunuzi, hata kama sheria inairuhusu.

Kesi ngumu kuliko zote ni The Crew ya Ubisoft, gemu ya magari iliyotoka Desemba 2014. Ilidai intaneti muda wote, hata ukiendesha barabarani peke yako. Seva zilizimwa tarehe 31 Machi 2024, na mwezi uliofuata Ubisoft wakaanza kuiondoa kwenye akaunti za walioinunua. Hapo hapakuwa na kufuli la kuondoa kwa faili moja, maana sehemu ya gemu iliishi kwenye mashine za kampuni. Hasira za tukio hilo ndizo zilizozaa kampeni ya Stop Killing Games, iliyoanzishwa na Ross Scott Aprili 2024. Ombi lake kwa Umoja wa Ulaya lilivuka saini milioni 1 mwaka 2025, idadi inayohitajika ili Tume ya Ulaya ilazimike kujibu.

Kampuni hujibu kwamba seva ni gharama, na kwamba ndani yake mna programu za watu wengine zisizoweza kugawiwa ovyo. Nakubali yote mawili. Hakuna anayewaomba waendeshe seva milele. Ombi ni kwamba siku ya kufunga, gemu iachwe katika hali ya kuchezeka, na kwa gemu mpya hilo lipangwe tangu siku ya kwanza ya kuichora. Mfano wa kampuni kuachilia upo: id Software walitoa hadharani msimbo wa gemu yao ya Doom mwaka 1997 na wa Quake mwaka 1999. Gemu hizo bado zinachezwa hadi leo, na bado zinauzwa.

Kwa mwenye diski au akaunti ya zamani anayesoma hapa, ushauri wangu ni huu. Anza kwa kuangalia kama muuzaji alikwisha kutoa toleo lililosafishwa. Fallout 3 ya Steam, kwa mfano, hujisasisha yenyewe, huna haja ya kuhangaika na mafaili. Kabla ya kugusa chochote, nakili folda ya ulivyosevu kwenye flashi, kwa sababu mafaili ya Games for Windows Live yamefungwa na akaunti na yanaweza kukataa kusomeka baadaye. Usipakue xlive.dll kutoka tovuti yoyote inayojitokeza kwenye utafutaji. Nyingi hubandika virusi humo. Nenda tovuti ya PCGamingWiki, utafute jina la gemu yako, usome maelezo yote kabla ya kupakua. Na kama shida ni kucheza na wenzako, chungulia kama gemu ina sehemu ya LAN. Gemu nyingi za zamani zinayo, na haihitaji huduma ya nje wala bando; kompyuta mbili na waya mmoja zinatosha. Mkiwa mbali, programu kama Radmin VPN huzifanya kompyuta zionane kana kwamba ziko chumba kimoja.

Mafundi wetu nao wajue haya. Mteja akija na kosa la xlive, msimpigie Windows upya. Mwelezeni ukweli, mumsaidie kwa dakika chache, na mumtoze kwa kazi hiyo.

Upande wa sheria, Marekani walipiga hatua Oktoba 2015. Uamuzi wa Maktaba ya Bunge lao ulimruhusu mwenye gemu halali kupita kufuli la uthibitisho pale seva inapokuwa imezimwa, kwa ajili ya kucheza kwenye mashine yake mwenyewe. Ni ruhusa finyu, haigusi mechi za mtandaoni, lakini inatambua kwamba aliyenunua ana haki ya kutengeneza. Hapa nyumbani, nawaomba COSOTA, wasimamizi wa hakimiliki, na Tume ya Ushindani waliweke suala hili mezani. Mtanzania anayenunua gemu, au programu ya uhasibu, au kitabu cha kidijitali kinachotegemea seva ya mbali, aambiwe kabla ya kulipa kwamba kitu hicho kinaweza kuzimwa. Na kikizimwa, atakayekitengeneza kwa matumizi yake mwenyewe asihesabiwe mhalifu.