Kesi ya Ngedere, Hakimu Nyani: Funzo la Multatuli

Wako wasomi wanaoutetea ukoloni kwa hila. Wanaposhindwa kuyakana mateso yake, husema kwamba ukoloni ulikuwa na dhamiri, na kwamba dhamiri hiyo iliweza kuyaona maovu na kuyarekebisha. Shahidi wao mkubwa ni mwandishi wa Kiholanzi, Eduard Douwes Dekker, na riwaya yake Max Havelaar iliyotoka mwaka 1860. Lakini mtumishi wa serikali au mwalimu atakayeyachunguza maisha ya mtu huyo ataona kuwa shahidi huyo anawaumbua waliomwita.

Dekker alizaliwa Amsterdam mwaka 1820. Akiwa bado kijana alikwenda Java, akaajiriwa na serikali ya kikoloni. Januari 1856 alikabidhiwa wilaya ya Lebak, magharibi ya kisiwa hicho. Huko alimkuta mtawala wa jadi, aliyekuwa wakala wa Waholanzi, akiwatumikisha wakulima bila ujira na kuwanyang'anya nyati wao wa kulimia. Dekker alitaka mtawala huyo aondolewe wilayani ili uchunguzi ufanyike. Mkubwa wake alikataa. Gavana Mkuu, Duymaer van Twist, akamkaripia aliyeshtaki na kuamuru ahamishwe. Dekker akajiuzulu kabla hajatimiza miezi mitatu Lebak. Mwaka 1859, akiwa fukara mjini Brussels, aliandika kitabu chake kwa jina la Multatuli, maneno ya Kilatini yenye maana ya kuwa amestahimili mengi.

Kwa nini alishindwa? Si kwa sababu wakubwa wake hawakuwa na habari. Tangu mwaka 1830 wakulima wa Java walilazimishwa kuilimia serikali kahawa, miwa na nili. Watawala wa jadi pamoja na maofisa wa Kiholanzi walilipwa asilimia ya mazao hayo, na faida ikaijaza hazina ya Uholanzi. Mtawala wa Lebak, basi, hakuwa mwizi aliyejipenyeza katika nyumba ya watu waaminifu. Nyumba yenyewe ilijengwa kwa mali ya wizi, naye alikuwa bawabu wake.

Jambo hili Dekker hakulifikisha mwisho. Alitaka Java itawaliwe kwa haki. Hakudai Waholanzi waondoke. Katika kurasa za mwisho za riwaya yake anamlilia Mfalme Willem wa Tatu, mtawala yuleyule ambaye dola yake ilineemeka kwa jasho la Mjava. Hiyo ndiyo kesi ya ngedere kumpelekea nyani.

Matokeo yanajulikana. Kitabu kiliitikisa Uholanzi, na kuanzia mwaka 1870 kilimo cha kulazimishwa kikapunguzwa hatua kwa hatua. Lakini mashamba makubwa ya makampuni binafsi yakashika nafasi yake, na bendera ikabaki ileile. Indonesia ilipotangaza uhuru tarehe 17 Agosti 1945, Uholanzi ilipeleka majeshi, ikapigana hadi mwaka 1949. Taifa lililokuwa limekisoma kitabu hicho kwa miaka 85 ndilo lililofanya hivyo. Waziri Mkuu wake aliomba radhi kwa ukatili uliokithiri wa vita hivyo mwaka 2022. Dhamiri gani hiyo inayoamka baada ya wazee kufa?

Hata hivyo, Dekker anastahili heshima kwa jambo moja. Alikataa kuandika kwamba hali ni shwari. Riwaya yake inafichua jinsi taarifa za maofisa zilivyopambwa katika kila ngazi, kila mmoja akimfurahisha aliye juu yake, hata njaa ya kijijini ikafika mezani kwa Gavana ikiwa imegeuka neema. Ugonjwa huo haukuzikwa pamoja na ukoloni. Unaweza kuiingia ofisi yoyote ambamo mtumishi anamwogopa mkubwa wake kuliko anavyowaheshimu wananchi.

Kwa hiyo mwalimu anayemfundisha Multatuli asiishie kuusifu ushujaa wake. Awaulize wanafunzi: ni nani huko Lebak aliyekuwa na uwezo wa kumwajibisha Gavana? Jibu ni kwamba hakuwapo hata mmoja. Ukweli wa ofisa mwaminifu huzaa matunda pale tu ambapo wakulima wenyewe wana mamlaka juu ya wanaowatawala. Pasipo na mamlaka hayo, ofisa huyo hubaki na njia mbili: kunyamaza, au kufungasha mizigo yake.