Kamera ya Dieudo Hamadi na deni la wahanga wa Kisangani

Tarehe 9 Februari 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki kule La Haye iliamuru Uganda ilipe nchi yetu dola milioni 325. Kati ya hizo, milioni 225 ni kwa madhara yaliyowapata watu. Habari hiyo tuliipokea kwa furaha. Lakini wahanga wa Kisangani walikuwa wamekwisha kuidai haki yao miaka mingi, wengine wakitembea kwa magongo. Safari yao tunaijua vizuri kwa sababu mtoto mmoja wa mji huo aliwafuata na kamera.

Jina lake ni Dieudo Hamadi, mzaliwa wa Kisangani, 1984. Alianza na masomo ya udaktari, kisha akajifunza kutengeneza filamu za hali halisi. Hatumii waigizaji mashuhuri wala vyombo vingi. Mara nyingi anashika kamera mwenyewe na kukaa na watu mpaka wanamzoea. Kwa njia hiyo alitengeneza Atalaku (2013), inayomwonyesha mchungaji maskini wa Kinshasa akifanyia wanasiasa kampeni kwa malipo wakati wa uchaguzi wa 2011. Ikafuata Examen d'État (2014), juu ya wanafunzi wa Kisangani waliofukuzwa shuleni kwa kukosa pesa za walimu.

Mwaka 2017 alitoa Maman Colonelle, juu ya kanali wa polisi Honorine Munyole, aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani kulinda wanawake na watoto. Kwenye tamasha la Berlin, jopo la kiekumene, ambamo Waprotestanti na Wakatoliki wanaketi pamoja, liliipa filamu hiyo zawadi.

Ndani ya filamu hiyo tunakutana na wahanga wa Vita vya Siku Sita. Mwezi wa Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana katikati ya Kisangani. Maelfu ya makombora yaliangukia mji, mamia ya raia wakafa, na wengi wakabaki vilema. Mwaka 2018 kundi lao lilipanda mashua na kuteremka mto Kongo, zaidi ya kilomita 1700, kwenda kuwauliza wakubwa wa Kinshasa: fidia yetu iko wapi? Hamadi alisafiri nao. Filamu hiyo, En route pour le milliard, ilikuwa ya kwanza ya Kongo kuingia katika uteuzi rasmi wa Cannes, mwaka 2020.

Tunaona hapa jambo zito. Mahakama inahesabu mamilioni. Kamera inaonyesha mama fulani asiye na miguu akilala juu ya mashua chini ya mvua. Pesa zikifika mikononi mwa serikali, ni rahisi kumsahau mama huyo. Septemba 2025, aliyekuwa waziri wa sheria alihukumiwa Kinshasa miaka 3 ya kazi ya lazima, kwa sababu ya dola karibu milioni 19 zilizotoka katika mfuko wa fidia kwa ajili ya kujenga gereza la Kisangani. Hukumu ya La Haye peke yake haikutosha kulinda haki ya mhanga.

Tena kuna huzuni nyingine. Filamu hizi zimeonekana Berlin na Paris kuliko katika mitaa yetu. Miji yetu mingi haina jumba la sinema. Lakini parokia zetu zina majumba, viti, na mara nyingine projekta. Tunaweza kuomba ruhusa kwa wenye filamu, kuita vijana na wazee, na kuzungumza baada ya kutazama.

Zaidi ya hayo, vita vya leo katika Kivu na Ituri vinaacha wahanga wapya kila juma. Siku itafika ambapo mahakama au tume itauliza: nani aliumia, wapi, tarehe gani? Tusiwaachie kazi hiyo watengenezaji wa filamu peke yao. Kila parokia iwe na daftari la majina, lililoandikwa kwa ridhaa ya wenyewe na kufichwa mahali salama, kwa maana jina likijulikana na mtu mbaya linaweza kumletea mhanga hatari mpya. Wahanga wa Kisangani wamesubiri zaidi ya miaka 20, na wengine wamekufa bila kupokea kitu.