Datura: mufuko mumoja unaweza kuharibu depo nzima



Soya ikifika depo, swali la kwanza ni: iko kilo ngapi? Sisi ma-agronomu tunaomba swali lingine litangulie mizani: iko safi? Na tukisema safi, tunafikiria zaidi mbegu ndogo nyeusi ya datura.

Wengi wanaujua huu muti. Unaota kwenye jalala, pembeni ya zizi la ng'ombe, kando ya njia, mahali udongo uko na mbolea nyingi. Majani yana meno na yananuka vibaya. Ua ni jeupe na refu kama tarumbeta, pengine la zambarau. Tunda lina miiba, likikauka linapasuka vipande vine. Ni jamaa moja na tomati, pilipili, tumbaku na mnavu tunaokula. Lakini datura ni sumu yote, toka mizizi mpaka mbegu.

Haukuzaliwa hapa kwetu. Asili yake ni Amerika, upande wa Meksiko, na ulivuka bahari pamoja na watu na mizigo yao. Katika Virginia, mwaka 1676, waaskari Waingereza walipika majani yake kama mboga, wakapotewa na akili siku nyingi. Leo unapatikana karibu kila inchi yenye joto. Mutu njo aliueneza zaidi: mbegu chafu za kupanda, samadi, udongo unaobaki kwenye jembe, majani ya mavuno yanayobebwa toka shamba hili mpaka lile. Kwa hiyo mutu anaweza pia kuuzuia.

Kuna wanaosema: mbegu mbili tatu ndani ya mufuko hazina shida, tutapika. Hapana. Moto wa jikoni hauondoi hiyo sumu. Mwaka 2019, huko Karamoja, Uganda, watu karibu 300 waliugua baada ya kula uji wa msaada uliotengenezwa na nafaka na soya, na 5 wakafa. Uchunguzi ulikuta ndani ya unga sumu ya aina ya datura. Mbegu ikisha kusagwa, hakuna jicho linaloweza kuiona tena. Njo maana kazi inapaswa kufanyika mbele ya kinu, na mbele ya kuchanganya mifuko ya watu wote.

Tena tuseme wazi jambo moja. Mutu aliyekula datura anakauka kinywa, mboni za macho zinapanuka, moyo unapiga mbio, ngozi inakuwa moto bila jasho. Anasema ovyo, anaona vitu visivyokuwako. Kijijini watasema amelogwa. Muda unapotea, na bibi fulani muzee anashitakiwa bure. Mugonjwa apelekwe haraka kwenye kituo cha afya, pamoja na kile chakula alichokula.

Wengine wanaacha muti mumoja nyuma ya nyumba juu ni dawa ya pumu. Ni kweli, hospitali inatumia atropini, na hiyo imo ndani ya datura. Lakini hospitali inapima kwa miligramu. Nani anaweza kupima jani? Muti huu na ule, msimu huu na ule, nguvu ya sumu haiko sawa. Na kila tunda linaloiva linaacha mamia ya mbegu, ambazo zinaweza kulala udongoni miaka makumi na bado zikaota.

Lalamiko lenye haki ni lile la wamama: kuchagua na kupepeta ni kazi yao, na hakuna anayewalipa. Hapo tunasimama pamoja nao. Kama koperative inalipa mufuko safi bei sawa na mufuko muchafu, inawafundisha wanamemba wake kuleta uchafu. Mwenye kusafisha anapoteza kilo na siku mbili za kazi, mwenye kuacha anapata zaidi. Hiyo si haki, hata kidogo.

Kwa hiyo, kwenye mukutano mukubwa unaokuja, tunapendekeza mambo matatu. Kwanza, salongo ya kungoa datura kando ya mashamba na njia mbele matunda hayajaiva. Vaa gants ao mufuko wa plastiki mukononi, usijipanguse macho, usiwape mifugo. Yenye matunda ichomwe mbali, watu wakae upande upepo unakotoka, kwani moshi wake pia ni mubaya. Pili, kila depo iwe na chekeche: punje ya soya inabaki juu, mbegu ya datura, yenye milimeta 3 hivi, inapita chini. Kwa mtama chekeche haitoshi, inaomba macho na mikono. Tatu, mufuko safi ulipwe bei ya juu, na kazi ya kuchagua ihesabiwe kama kazi.

Kanuni za Codex juu ya mahindi zinataja datura kwa jina, na munuzi mukubwa anaweza kukataa mzigo wote. Lakini mbele ya munuzi kuna watoto wetu, wanaokunywa uji wa soya hiyo hiyo kila asubuhi. Komite isingoje munuzi aje kutuambia.