Hujanunua nyumba, umepanga pesa

Majuzi kazini tuliitwa ukumbini kwa semina ya elimu ya fedha. Mtoa elimu alikuwa afisa wa benki, kijana mtanashati, tai imekaa sawasawa, vipeperushi tele mkononi. Tuligawiwa soda na sambusa. Tukiwa bado tunatafuna, kijana akatoa neno lake: "Kodi ya pango ni pesa unayoitupa jalalani. Rejesho la mkopo ni pesa unayojiwekea mwenyewe." Ukumbi mzima makofi. Mama mmoja wa masijala, jirani yangu wa kiti, alitikisa kichwa kwa uchungu. Amepanga Tabata miaka mingi, amesomesha watoto akiwa humo humo kwenye nyumba ya kupanga, na hapo alikuwa anaambiwa mbele za watu kwamba maisha yake yote alikuwa mtupa taka.

Kama ni kijana huyo peke yake ningemezea. Lakini maneno haya yamekuwa kiitikio cha taifa. Yako kwenye vipindi vya redio vya asubuhi, yako kwenye mahubiri, yako kwenye vikao vya harusi ambako shemeji aliyehamia Madale mwaka jana anawasomea wenzake somo la uwekezaji. Mtu mzima aliyepanga siku hizi anataja mtaa wake kwa sauti ya chini. Ukimuuliza anayemcheka, "Mkopo wako utakugharimu jumla shilingi ngapi?", anakutajia rejesho la mwezi. Jumla haijui. Hajawahi kuulizwa, na aliyemkopesha hakuwa na haraka ya kumwambia.

Haya, tushike kalamu. Umekopa shilingi milioni 100 kwa miaka 20, riba asilimia 16 kwa mwaka, inayohesabiwa kwenye salio. Sijakuchagulia riba ya kukutisha. Mikopo ya nyumba hapa nchini imekuwa ikitembea kati ya asilimia 15 na 19, na miaka ile TMRC, kampuni inayozikopesha benki pesa za mikopo ya nyumba, inaanzishwa, 2010, ilikuwa imevuka 20. Kwa hesabu hiyo rejesho lako ni shilingi 1,391,256 kila mwezi. Unajipiga kifua: kila mwezi najiwekea milioni na ushei.

Unajiwekea? Katika rejesho la kwanza, shilingi 1,333,333 ni riba. Zinazopunguza deni ni 57,923. Elfu hamsini na saba! Hazikupi hata mifuko mitano ya saruji. Ile milioni moja, laki tatu na elfu thelathini na tatu ni nini kama si kodi? Ni kodi ya pesa. Ulikuwa umepanga nyumba kwa mzee fulani, sasa umepanga milioni 100 kwa benki, na pango la mwenye pesa ni kubwa kuliko la mwenye nyumba. Hilo ndilo kijana wa semina hakulisema.

Twende mbele. Miaka mitano ikipita bila kukosa hata mwezi mmoja, utakuwa umelipa karibu milioni 83 na nusu. Deni limebaki shilingi ngapi? Milioni 94 na laki saba. Rudia kusoma ukitaka. Umetoa milioni 83, deni limepungua milioni tano na kidogo. Zilizobaki, zaidi ya milioni 78, ni kodi ya pesa, zimekwenda, hazirudi, kama ile ya mzee mwenye nyumba wa Tabata. Mwaka wa kumi umelipa karibu milioni 167 na bado unadaiwa 83. Nusu ya deni unaifikia kwenye mwaka wa 16, wakati mtoto uliyemhamishia humo akiwa mchanga ameshaanza kuficha simu yake. Ukimaliza yote umelipa karibu milioni 334 kwa milioni 100 uliyopewa.

Hapo sijagusa ada ya mkopo, ada ya mthamini, wakili, gharama za kusajili rehani, bima ya maisha ya kulinda mkopo na bima ya moto. Wala sijagusa kile kifungu cha mkataba kinachoiruhusu benki kupandisha riba hali ya soko ikibadilika. Hati yenyewe iko kwenye kabati lao. Wewe unapaka rangi, unachimba shimo la choo, unapanda ua, unatundika kibao cha "Mbwa mkali". Kasimamishe marejesho miezi michache uone mwenye nyumba ni nani.

Ninaye rafiki, mtumishi wa umma, aliyenunua nyumba hapa Dar es Salaam kwa mkopo wa namna hii. Alifanya sherehe, tulikula pilau. Mwaka 2016 ikatangazwa kuwa serikali inahamia Dodoma, na zamu ya idara yake ilipofika akafungasha. Nyumba akaipangisha, na kodi aliyoipata haikufika nusu ya rejesho. Akaenda kupanga Dodoma. Yaani bwana mwenye nyumba akawa analipa pango mara mbili, moja kwa mama mwenye nyumba wa Area C, jingine kwa benki. Alipochoka akaamua auze alipe deni abaki na chenji, akaenda benki kuulizia salio. Alipotajiwa alidhani wamemfungulia faili la mtu mwingine. Wakamchapia jedwali la marejesho. Miaka mitano baada ya pilau ndiyo alikuwa analiona kwa mara ya kwanza.

Jedwali hilo ni karatasi chache tu. Linaonyesha kila rejesho, kiasi gani ni riba na kiasi gani kinapunguza deni. Kwenye semina yetu zilikuwepo picha za familia zinazocheka mbele ya geti, zilikuwepo kalamu za bure. Jedwali halikuwepo. Sheria ya nchi inataka mke au mume aridhie nyumba ya familia inapowekwa rehani, jambo jema kabisa, ila nimeona ridhaa hizo zinavyopatikana: mama anaitwa kutoka kazini, anaonyeshwa pa kusaini, anarudi kazini. Wenzetu wanaokwenda kwenye benki za Kiislamu na kuchukua murabaha wanaweza kulipa pesa nyingi vilevile, lakini angalau wanatajiwa bei nzima kabla ya kuweka saini. Sisi wengine tunauziwa kwa kutajiwa bei ya mwezi.

Sasa najua nitajibiwa nini, maana nimeshajibiwa. Jibu wanalolipenda kuliko yote ni hili: "Ukifa, msiba utawekwa wapi?" Nimelisikia kwa wasomi. Kwa watu wenye shahada mbili. Yaani nilipe milioni 234 za riba ili siku nikifa, mimi nisiyeona wala kusikia, pawe na pa kufunga turubai! Nimehudhuria misiba Sinza, Mbagala na Kimara kwenye nyumba za kupanga. Turubai lilifungwa barabarani, viti vya kukodi vikaja, wali ukapikwa uani kwa jirani, na marehemu hakulalamika. Msiba ni siku tatu, mkopo ni siku elfu saba na ushei. Na kwa kuwa wengi wetu tunarudishwa kuzikwa kwa babu zetu, huko Moshi au Bukoba turubai halikosi uwanja.

Jibu la pili ni la "nyumba hupanda bei". Sawa, ipande. Lakini ili ikurudishie tu ulichotoa, lazima ivuke milioni 334, na hapo hujahesabu bati ulilobadilisha wala ukuta uliopasuka masika. Anayeniambia nyumba yake itafika huko namuomba anitajie na jina la mnunuzi.

Hebu tufanye hesabu ambayo haikufanywa ukumbini. Nyumba ya namna hiyo, uliyoikopea milioni 100 na kuongezea akiba yako, jaribu kuipangisha Goba au Kibada. Utaambiwa laki tano, ukibahatika sita. Mwenzako anaipanga kwa laki tano. Kati ya rejesho lako na kodi yake kuna tofauti ya karibu laki tisa kila mwezi. Tuseme si mtakatifu, anaweka laki tano tu, kwenye mifuko ya UTT AMIS au kwenye hati fungani, kwa faida ya asilimia 10 kwa mwaka. Nimeishusha makusudi, kwani hati fungani za serikali za miaka 20 zimekuwa zikilipa zaidi ya hapo. Zile karibu laki nne zinazobaki ni za kodi ikipanda na za kula. Baada ya miaka kumi ana zaidi ya milioni 102. Wewe baada ya miaka kumi unadaiwa milioni 83. Nani alikuwa anatupa pesa?

"Hataweka, atazila!" Hapo sasa tumeacha kuzungumzia nyumba. Kama tatizo ni kwamba hatuna nidhamu, tuseme hivyo wazi, tusimsingizie mpangaji. Kulipa milioni 234 ili mtu akushike mkono usinywe bia ni adhabu, na niliyemsikia ukumbini aliiita uwekezaji.

Nisieleweke kuwa nawatetea wenye nyumba. Hao nina kinyongo nao kwa muda mrefu. Mwenye nyumba anataka kodi ya miezi sita au ya mwaka mzima kwa mkupuo, kutoka kwa mtu anayelipwa mshahara kwa mwezi. Dalali anakuonyesha chumba chenye ukungu kisha anadai kodi ya mwezi mmoja kwa kazi ya kupanda bodaboda. Tangu 2021 kodi ya jengo inakatwa kwenye LUKU, kwa hiyo ni mpangaji anayenunua umeme ndiye anayemlipia tajiri kodi ya mali yake, na ukimkumbusha akurudishie anakuangalia kana kwamba umemtukana. Kuna mmoja aliniongezea kodi wiki ileile niliyotengeneza bomba lake kwa pesa yangu. Ninayajua haya yote, na bado nasema: huyo mzee ni mnyonyaji mdogo. Akinichosha nahama, ninaita kirikuu, jioni niko kwingine. Mwenye pesa huhami kwake mpaka umalize.

Kilichoniudhi zaidi ni jinsi kijana yule wa semina alivyowadhihaki watu wanaojenga kidogokidogo. Akaweka picha ya boma lisilo na paa, nyasi zimeota sebuleni, watu wakacheka. Mimi sikuona cha kuchekesha. Benki ya Nyumba Tanzania ilipokufa mwaka 1995, nchi hii haikulala nje. Watu walinunua kiwanja, wakafyatua tofali, wakasubiri, wakamwaga msingi, wakasubiri, wakafika kwenye lenta, wakapaua kwa kiinua mgongo cha baba, wakahamia madirisha yakiwa na mabati. Sensa ya 2022 ilituhesabu watu milioni 61 na laki saba, na wenye mikopo ya nyumba ya benki miongoni mwetu ni maelfu machache. Mamilioni waliobaki wanaishi kwenye nyumba, na sehemu kubwa ya nyumba hizo ilianza kama boma lile lililochekwa. Inachukua miaka kumi? Ndiyo. Mwaka wa kumi mwenye boma hadaiwi na mtu.

Na wale watumishi wanaosema, "Nitamalizia deni na mafao yangu"? Kikokotoo cha mafao mmekisahau mapema hivi? Mwaka 2022 mkupuo ukawekwa asilimia 33, watu wakalia, 2024 ukapandishwa kufika 40. Ukikopa una miaka 40, deni linakwisha siku ileile unayofikisha 60 na kustaafu kwa lazima, na hiyo ni kama hujawahi kuomba muda kuongezwa.

Kuhusu kuongezewa muda nilimsubiri kijana mwisho wa semina. Nikamuuliza kwa adabu kabisa mtu afanye nini akiona rejesho la miaka 20 linamlemea. Akatabasamu: "Mzee, hiyo rahisi, tunakuwekea nafuu, tunanyoosha mkopo ufike miaka 25." Nilipofika nyumbani nikapiga hesabu ya nafuu yake. Kwa mkopo uleule na riba ileile, rejesho linashuka kutoka 1,391,256 hadi 1,358,889. Umepunguziwa shilingi 32,367 kwa mwezi. Ukizigawa kwa siku hazifikii nauli ya daladala ya kwenda na kurudi. Jumla ya malipo yako inapanda kutoka milioni 334 hadi karibu milioni 408. Ni milioni 74 za ziada, na vipeperushi vya kijana, nimevigeuza mbele na nyuma, havina hata mstari mmoja unaozitaja.