Ramani Inayochorwa kwa Hofu Mbili

Julai 1967, Mao Zedong akiwa Wuhan, askari wa kanda ya kijeshi ya mji huo, iliyoongozwa na Jenerali Chen Zaidao, waliungana na wanamgambo wakamkamata Wang Li, mjumbe aliyetoka Beijing, wakampiga. Mao mwenyewe ilibidi aondolewe kwa ndege hadi Shanghai. Kiongozi aliyeabudiwa na mamilioni alikimbia mji uliokuwa mikononi mwa jeshi lake mwenyewe.

Huwezi kuielewa ramani ya kijeshi ya China bila kisa hiki. Nchi yenye ukubwa wa kilomita za mraba milioni 9.6 haiwezi kuamuru kila kikosi kutoka makao makuu, kwa hiyo hukata jeshi lake vipande. Lakini jenerali anayekabidhiwa kipande, pamoja na maghala, mafunzo na maofisa anaowapandisha vyeo, mwisho hugeuka mwenyeji. Jenerali Xu Shiyou, kwa mfano, aliishika kanda ya Nanjing tangu 1955. Kwa Wachina, ambao miaka ya 1920 walitawaliwa na mababe wa vita, kila mmoja na jimbo lake, hofu ya jenerali kujimilikisha eneo lake haikuwa ya kubuni.

Desemba 1973 Mao aliwahamisha makamanda wa kanda wanane kati ya kumi na mmoja kwa mpigo mmoja. Xu akapelekwa Guangzhou, na Ding Sheng wa Guangzhou akapelekwa Nanjing. Chen Xilian alitoka Shenyang kwenda Beijing, akibadilishana na Li Desheng. Kila mmoja alikwenda kuanza upya kati ya maofisa ambao hakuwalea yeye. Kisiasa uhamisho huo ulikuwa ustadi mkubwa. Lakini ulichochea hofu ya pili, ya kushindwa vitani: askari wa mpakani waliletewa kamanda aliyepaswa kuanza kujifunza milima na mito ya hapo.

Kanda 11 zilipunguzwa kuwa saba mwaka 1985, lakini kasoro kubwa ilibaki. Kanda hizo kimsingi zilikuwa za jeshi la nchi kavu. Majeshi ya majini na anga yalikuwa na wakuu wao Beijing. Mpaka na India uligawanywa kati ya Lanzhou, iliyosimamia Xinjiang, na Chengdu, iliyosimamia sehemu kubwa ya Tibet. Adui mmoja, kanda mbili za kumkabili. Naliona hilo kuwa kosa lisilo na utetezi, maana mstari wa ofisi ulikuwa umekata uwanja wa vita katikati.

Februari 2016 Xi Jinping alizifuta kanda saba akaunda kamandi tano za medani. Ya Mashariki inaitazama Taiwan, ya Kusini Bahari ya China Kusini, na ya Magharibi, yenye karibu nusu ya ardhi yote, inaushika mpaka wote na India. Kubwa kuliko mipaka hiyo ni mgawanyo wa kazi. Majeshi ya nchi kavu, majini na anga huandaa askari na silaha, nazo kamandi hupigana. Mwaka 2017 Kamandi ya Kusini ilipewa amirali, Yuan Yubai, jambo ambalo halikuwahi kutokea katika kanda za zamani. Kwa bahari ile, uteuzi huo ulikuwa umechelewa miongo kadhaa.

Naunga mkono mgawanyo huu kwa moyo wote. Anayelisha jeshi asiwe ndiye anayelipeleka vitani. Hapo kamanda hupata muda wa kufikiria vita, na hapati nafasi ya kujenga himaya. Hata hivyo hofu ya Wuhan haijatoka. Oktoba 2025 chama tawala kilimfukuza He Weidong, aliyewahi kuiongoza Kamandi ya Mashariki kabla ya kuwa makamu mwenyekiti wa Tume Kuu ya Kijeshi, na pamoja naye Lin Xiangyang, aliyeishika kamandi hiyo baada yake. Ni kamandi ileile inayoitazama Taiwan, na makao yake makuu yako Nanjing, mji ambako Mao alimwondoa Xu Shiyou.